Magunia Yanayosubiri Hakimu

Ukitoka Kitengela na kushika barabara ya Namanga, majumba ya ghorofa hupungua polepole, upepo wa mbuga huanza kulisukuma gari upande, na kabla ya kufika Isinya utapita Kisaju. Nchi hii yote ilikuwa malisho. Upande wa Kitengela, ranchi ya pamoja ya wafugaji iligawanywa mwaka 1988, kila familia ikapewa kipande chake, vipande vikauzwa, na vilivyouzwa vikakatwa tena. Leo boma la Mmaasai limepakana na nyumba ya mtu aliyehamia juzi kutoka Nairobi, na katikati yao kuna mashamba ya maua, machimbo ya mawe na maghala: kuta ndefu za mabati, lango pana la kupitisha trela, mlinzi mmoja na kibanda chake.

Maghala ya barabara hii yana sababu ya kuwa hapa. Hii ndiyo njia ya mahindi, mchele na vitunguu vya Tanzania kuelekea Nairobi kupitia mpaka wa Namanga. Athi River na viwanda vyake iko karibu, na mwenye mzigo anaweza kuushusha usiku na alfajiri akaugawa kwa maduka ya Kitengela, Rongai na Machakos. Wengi wanaofanya kazi hiyo ni wafanyabiashara wa haki, wenye leseni ya kaunti, stakabadhi za forodha na madeni ya benki. Wachache ni watu wanaofungua magunia ya sukari isiyolipiwa ushuru, au mchele uliopitisha tarehe, na kuujaza upya katika mifuko yenye jina lisilo lake. Ukisimama barabarani huwezi kuwatofautisha. Mabati ni yale yale.

Ndiyo maana misako ni ya lazima, na siamini kwamba serikali inawaonea wafanyabiashara kila inapofunga ghala. Maafisa wa upelelezi huja na wenzao wa Shirika la Viwango KEBS, wa Mamlaka ya Ushuru KRA na wa afya ya umma wa kaunti. Magunia huhesabiwa, picha hupigwa, mtu hupelekwa kituoni, lakiri hutiwa mlangoni, na taarifa ya habari ya jioni huonyesha yote hayo kwa dakika mbili. Halafu kamera huondoka. Makala haya yanahusu kipindi kinachofuata, ambacho hakuna anayekionyesha: wiki, miezi, mara nyingine miaka, ambapo chakula hukaa gizani nyuma ya lakiri kikisubiri mtu aamue ni cha kuliwa au cha kuchomwa moto.

Pikipiki iliyokamatwa hukaa uani mwa kituo cha polisi mwaka mzima, na siku ya hukumu bado ni pikipiki. Ina kutu na tairi zimelala, lakini hakimu akitazama namba ya injini ataijua ni ile ile. Mahindi hayana subira hiyo. Siku ya kukamatwa ni kitu kimoja, na siku ya hukumu yanaweza kuwa kitu kingine kabisa, huku karatasi za kesi zikiendelea kuyaita kwa jina lile la kwanza.

Kwa hiyo mwenye mzigo, kupitia wakili wake, hukimbilia mahakamani na ombi chini ya hati ya dharura. Haombi kesi ifutwe. Anaomba aruhusiwe kuuchukua mzigo, wote au sehemu yake, huku uchunguzi na mashtaka yakiendelea. Hakimu akikubali huweka masharti: dhamana ya fedha, orodha ya bidhaa, sampuli zibaki, wakati mwingine ahadi ya maandishi kwamba mzigo hautauzwa mpaka upimwe. Nje ya mahakama watu husikia nusu tu ya habari, kwamba chakula kibaya kimeachiliwa, na hitimisho la haraka ni kwamba kuna aliyehongwa. Mara nyingine huenda ni kweli. Lakini amri yenyewe, ikitolewa mapema na kwa masharti yanayoeleweka, ni miongoni mwa vitu vichache vinavyoweza kumlinda mlaji, na nitaeleza kwa nini nasema hivyo.

Saa haisimami ghalani

Viwango vya Afrika Mashariki vinataka mahindi yanayouzwa yawe na unyevu usiozidi asilimia 13.5. Yakiwa makavu hivyo, kwenye ghala linalopitisha hewa, hukaa vizuri kwa miezi mingi. Sasa funga madirisha na milango ya ghala la mabati katika uwanda huu, ambako mchana jua hulichoma bati na usiku baridi hushuka. Mvuke hupanda kutoka kwenye nafaka, hukutana na bati lililopoa, na kurudi chini kama matone juu ya magunia ya safu ya juu. Hakuna anayeyageuza magunia, kwa sababu mlango una lakiri. Hakuna anayepuliza dawa ya dumuzi, kwa sababu kuingia ni kosa. Panya ndio pekee wasiohitaji kibali.

Pale palipolowa hukua ukungu, na mmoja wao, Aspergillus flavus, hutoa sumu ya aflatoksini. Haina ladha wala harufu ya kumwonya mtu. Kupika ugali hakuiondoi. Kiwango kinachoruhusiwa kwenye mahindi katika eneo letu ni mikrogramu 10 kwa kila kilo moja, na kwa aina kali zaidi, inayoitwa B1, ni mikrogramu 5. Mwaka 2004, huko Makueni, kaunti inayopakana na hii yetu ya Kajiado, na Kitui na sehemu za jirani, familia zilikula mahindi yaliyohifadhiwa yakiwa mabichi. Watu 317 waliugua na 125 wakafariki. Yale hayakuwa mahindi ya magendo. Yalikuwa mavuno ya watu wenyewe, yaliyowekwa vibaya. Kila ninaposikia kwamba magunia mia kadhaa yamefungiwa mahali kusubiri kesi itajwe, nakumbuka kwamba uhifadhi mbaya peke yake, bila mhalifu yeyote, umewahi kuua watu wengi hivyo karibu na hapa.

Hapa ndipo sheria na maumbile hugongana. Tuseme mfanyabiashara amekamatwa kwa tuhuma kwamba mahindi yake yana sumu. Sampuli ikichukuliwa siku hiyo hiyo na kupelekwa maabara, jibu litakuwa la kweli, liwe zuri au baya. Sampuli ikichukuliwa baada ya miezi minane, haimwambii hakimu lolote kuhusu siku ya kukamatwa. Mtu aliyekuwa na mahindi safi anaweza kuonekana mkosaji kwa sababu ghala lake lilifungwa. Na mtu aliyekuwa na mahindi mabaya anaweza kusimama kizimbani na kusema, kwa haki kabisa kisheria, kwamba yaliharibikia mikononi mwa serikali. Ucheleweshaji humwadhibu asiye na hatia na humpa mwenye hatia utetezi. Sijui njia nyingine ya kuendesha kesi inayowakosea wote wawili kwa mpigo mmoja kama hii.

Hata sampuli yenyewe ina ufundi wake, na mahakama zetu zinafaa kuuliza zaidi juu yake. Aflatoksini haitandi sawasawa katika shehena. Punje chache zinaweza kubeba sumu nyingi sana huku maelfu yanayozizunguka yakiwa safi. Afisa akichota viganja viwili kutoka gunia lililo karibu na mlango, majibu yake yanaweza kuwa mema kwa shehena iliyooza katikati, au mabaya kwa shehena iliyo nzima isipokuwa gunia hilo. Sampuli ya haki huchotwa kutoka magunia mengi, ya juu na ya chini, ya mbele na ya ndani, huchanganywa, ndipo hugawanywa: sehemu kwa maabara ya serikali, sehemu kwa mwenye mali, sehemu ihifadhiwe mahakamani kwa ajili ya ubishi utakaokuja. Ni kazi ya asubuhi moja kwa watu wanaoijua.

Mbele ya hakimu

Sheria ya Kenya haiko kimya. Kifungu cha 121 cha Sheria ya Utaratibu wa Kesi za Jinai kinaruhusu kitu kilichokamatwa na kufikishwa mahakamani kishikiliwe mpaka kesi au uchunguzi uishe, lakini kinaongeza kwamba kitunzwe kwa uangalifu wa kutosha. Kifungu cha 177 kinaipa mahakama uwezo wa kuamuru mali iliyochukuliwa kwa mshtakiwa irudishwe kwa anayestahili. Nayo Sheria ya Viwango inampa mkaguzi wa KEBS uwezo wa kukamata na kuzuia bidhaa, na inampa aliyekwazwa na uamuzi wa shirika hilo siku 14 za kukata rufaa kwenye jopo maalumu. Siku 14 ni chache kwa mtu ambaye hajawahi kusikia habari za jopo hilo, na wafanyabiashara wengi wa kiwango cha kati huanza kutafuta wakili siku ya kumi.

Juu ya yote hayo ipo Katiba ya 2010. Kipengele cha 40 kinalinda mali ya mtu, na cha 47 kinadai hatua ya afisa wa serikali iwe ya haraka, ya haki na yenye sababu zilizoandikwa pale inapoathiri haki za mtu. Wakili wa mwenye mzigo atavisoma hivyo viwili kwa sauti. Lakini kuna kipengele cha 46, kinachompa mlaji haki ya bidhaa zenye ubora na ulinzi wa afya yake, na cha 43, kinachotaja haki ya kutokuwa na njaa na ya kupata chakula cha kutosha chenye ubora unaokubalika. Mwenye haki hizo hayumo chumbani. Yuko Kitengela akipima unga kwa gorogoro. Hakimu anapoandika amri, yeye ndiye mtu wa tatu asiye na wakili.

Kwa muda mrefu mahakama zetu zilipima maombi ya amri za muda kwa kipimo cha kesi ya Giella dhidi ya Cassman Brown ya mwaka 1973: je, mwombaji ana hoja ya msingi, je, atapata hasara isiyolipika kwa fedha, na kama kuna shaka, uzito uko upande gani? Mwaka 2014, katika kesi ya uchaguzi ya Gatirau Peter Munya, Mahakama ya Juu ilieleza kwamba katika masuala ya umma amri ya kuhifadhi hali lazima ipimwe pia kwa manufaa ya umma. Kwa chakula, kipimo hiki cha pili ndicho kinachofaa kutangulia. Fedha humrudishia mfanyabiashara hasara yake. Hazimrudishii mtu ini lake.

Tofauti moja ingetuondolea nusu ya mabishano kama ingeshikwa tangu siku ya kwanza, nayo ni kama ugomvi ni wa ushuru au ni wa usalama.

Chukua sukari ya Darasa Investments. Mwaka 2017, wakati wa uhaba, serikali ilifungua dirisha la kuingiza sukari bila ushuru, na kampuni hiyo ikaleta tani 40,000 kutoka Brazil. KRA ikasema mzigo haukustahili msamaha huo na ikadai takriban shilingi bilioni 2.5. Mahakama Kuu mjini Mombasa iliikubali hoja ya kampuni, na mwaka 2018 Mahakama ya Rufani ikaigeuza hukumu hiyo na kuipa KRA ushindi. Ubishi mzima ulihusu tarehe na kodi. Katika ugomvi wa namna hiyo hakuna sababu ya kuiacha sukari igande bandarini. Dhamana ya benki inatosha: mzigo uende sokoni, fedha zikae mahali salama, mawakili wabishane kwa miaka wanayotaka, na atakayeshinda achukue fedha. Chakula kikiwa kizuri na kimepimwa, kukifungia kwa ajili ya kodi ni kumnyima mnunuzi wa Kajiado bei nafuu bila kumwongezea mtoza ushuru hata senti.

Ugomvi wa usalama hauwezi kutibiwa hivyo. Dhamana ya milioni kumi haina maana yoyote ikiwa mchele una sumu, kwa kuwa chakula kilichoachiliwa huliwa, na kikishaliwa hakuna amri ya mahakama inayoweza kukirudisha. Hapo sharti la kwanza na la mwisho ni maabara. Nimesoma maamuzi ambamo kiasi cha dhamana kimejadiliwa kwa kurasa nyingi huku upimaji ukipewa sentensi moja. Uzito huo ungefaa kugeuzwa.

Lakiri ya Thika

Watu wanaopinga amri za kuachilia hutumia hoja inayosikika kuwa nzito: bora chakula chenye shaka kibaki kimefungwa, hata kikiharibika, kuliko kifike sokoni. Ningekubaliana nao kama kufungwa kungekuwa na maana ya kubaki mahali kilipo.

Katikati ya mwaka 2018 nchi ilitikisika kwa sukari ya magendo. Maghala yalivamiwa katika kaunti mbalimbali, na Waziri wa Usalama wa Ndani, Fred Matiang'i, akatangaza kwamba baadhi ya sukari iliyokamatwa ilikuwa na zebaki na shaba. Maafisa wa idara nyingine wakatoa maelezo tofauti. Bunge likaunda kamati ya pamoja, na Agosti mwaka huo ripoti yake ikakataliwa na wabunge huku baadhi yao wakidai kwamba wenzao walipewa hongo ukumbini ili waikatae. Mwananchi aliyekuwa na kilo mbili jikoni hakupata jibu ambalo angeweza kuliamini. Miezi ya hofu ilipita, chai ikanywewa, na swali rahisi kabisa, kwamba sukari hii ina nini, likazama katika siasa.

Sasa ona kilichotokea baadaye. Kulikuwa na shehena ya magunia 20,000 ya sukari, iliyoingizwa nchini mwaka huo huo wa 2018 na kukataliwa kuwa haifai kwa matumizi ya binadamu. Ilipaswa kugeuzwa kuwa pombe ya viwandani. Ilikaa ghalani Thika, chini ya ulinzi wa idara kadhaa za serikali kwa pamoja, kwa takriban miaka mitano. Mei 2023 Mkuu wa Utumishi wa Umma, Felix Koskei, alitangaza kuwasimamisha kazi maafisa 27 kwa sababu sukari hiyo ilikuwa imeachiliwa kinyume cha utaratibu. Idara zote ambazo raia angezitarajia kulinda mlango ule zilikuwa na watu kwenye orodha hiyo.

Hakuna kisa kinachonisumbua zaidi katika jambo hili. Sukari ile ilikuwa tayari imehukumiwa. Haikuwa na mashaka yanayohitaji jaji. Ilichokosa ni tarehe ya mwisho, siku iliyoandikwa ambayo ikifika bila magunia kuteketezwa au kugeuzwa, mtu mwenye jina lake angeitwa kueleza. Chakula kinachofungiwa bila ukomo hakikai tu. Kila mwezi unaopita, watu waliokishuhudia kikihesabiwa huhamishwa, faili huhama ofisi, mlinzi hubadilishwa, na thamani ya magunia hubaki ikimtazama kila anayepita. Mwishoni hutoka. Tofauti iliyopo ni kwamba kilichoachiliwa na mahakama hutoka mchana, kwa orodha, baada ya kupimwa, kikiwa na jina la anayewajibika, na hiki kingine hutoka usiku kikiwa kimevaa mfuko mpya.

Wenzetu wameshapita njia hii. Mwaka 2002 Mahakama ya Juu ya India iliamua kesi ya Sunderbhai Ambalal Desai, iliyoanzia Gujarat, ambamo polisi walishtakiwa kwa kubadilisha na kujinufaisha na mali iliyokamatwa na kuwekwa katika kituo chao. Majaji walisema mali isikae mikononi mwa polisi kuliko inavyohitajika: iandikwe kwa undani, ipigwe picha, mwenyewe aweke dhamana, kisha iachiliwe au iuzwe, na picha na maandishi yatumike kama ushahidi. Sheria ya India tangu zamani iliruhusu mahakama kuuza kitu kinachooza haraka wakati kesi ingali inaendelea. Sheria yao mpya iliyoanza kutumika Julai 2024 imekwenda mbali zaidi: mahakama iandae maelezo ya mali ndani ya siku 14 tangu ifikishwe mbele yake, na ndani ya siku 30 baada ya maelezo hayo na picha iamue mali iende wapi. Sisi tuliachana na Kanuni za Adhabu za India mwaka 1930, lakini utaratibu wetu wa jinai bado una undugu na wao, na hakuna kinachotuzuia kuazima tena palipo na busara.

Uingereza nako, Sheria ya Usalama wa Chakula ya 1990 humtaka afisa anayekamata chakula akifikishe mbele ya hakimu ili kihukumiwe chenyewe, mapema, bila kungoja kesi ya mtu. Akikizuia bila kukichukua, ana siku 21 za kuamua. Na ikibainika kwamba chakula kilikuwa kizuri, mwenyewe hulipwa fidia kwa thamani iliyopungua. Wamarekani walilitazama jambo hili upande mwingine. Mwaka 1908, katika kesi ya mapipa 47 ya kuku ambao wakaguzi wa jiji la Chicago walidai wameoza, Mahakama ya Juu ya huko ilisema mamlaka zinaweza kukamata na kuharibu chakula kibovu bila kumsikiliza mwenyewe kwanza, kwa sababu anaweza kushtaki baadaye ili alipwe. Nayo ni kauli ya haki, mradi mlango wa kushtaki baadaye uwe wazi kweli kweli. Kwetu, mfanyabiashara aliyefungiwa kimakosa huanza kesi mpya, yenye ada mpya, akiwa ameshapoteza mtaji ambao angewalipia mawakili.

Namanga, Machi 2021

Watu wa barabara hii wanakumbuka jinsi amri moja inavyoweza kusimamisha kila kitu. Tarehe 5 Machi 2021 Mamlaka ya Kilimo na Chakula iliiandikia KRA kwamba mahindi ya Uganda na Tanzania yasiingie nchini, kwa sababu vipimo vilikuwa vimeonyesha sumu ya ukungu kupita kiwango. Malori yaliyokuwa njiani yakajikuta yamesimama Namanga na Busia, mengine yakiwa yamepakiwa siku kadhaa kabla ya barua kuandikwa. Hofu haikuwa ya bure, kwa kuwa sumu hiyo ipo, na Novemba 2019 KEBS ilikuwa imesimamisha aina tano za unga wa humu humu nchini kwa sababu hiyo hiyo. Lakini mahindi juu ya lori lililofunikwa turubai, chini ya jua la Namanga, ndiyo mazingira ambayo ukungu huyapenda. Kila siku ya kusubiri iliongeza hatari ambayo katazo lilikusudia kuizuia.

Ndani ya juma moja serikali ililegeza msimamo: mahindi yaingie, lakini waagizaji wasajiliwe, na kila shehena iwe na cheti cha mahali ilikotoka na cheti cha kuonyesha aflatoksini haizidi mikrogramu 10 kwa kilo. Hakuna hakimu aliyehusika, ila mantiki ni ile ile ya amri nzuri ya kuachilia kwa masharti. Badala ya kuuliza nafaka imetoka nchi gani, uliza ina nini ndani yake. Badala ya kufungia yote, pima na utenge. Ninaamini kwamba kama masharti yale ya baadaye yangekuwa ndiyo barua ya kwanza, madereva wasingelala chini ya malori yao, na mlaji angelindwa vile vile.

Neno hilo la kutenga ndilo ninalotaka mahakimu wa Kajiado na kwingineko walishike. Ghala halina hatia moja. Ndani ya jengo moja kunaweza kuwa na mchele uliopitisha tarehe, sukari isiyolipiwa ushuru, mafuta ya kupikia yasiyo na kasoro yoyote, na unga wa mtu mwingine kabisa aliyekodi kona. Leo hufungwa vyote kwa lakiri moja. Amri iliyoandikwa vizuri ingevigawa ndani ya wiki mbili. Kinachothibitika kibovu kiteketezwe mbele ya afisa wa mahakama, mwendesha mashtaka na mwenyewe, picha na sampuli zikibaki. Kilicho kizuri lakini kinadaiwa kodi kitoke kwa dhamana. Kinachobishaniwa kihamishiwe ghala lenye hewa na mtu wa kuligeuza gunia, na gharama iandikwe ni ya nani. Na mafuta na unga visivyohusika virudi kwa wenyewe siku hiyo hiyo. Kwa sheria tulizonazo, sioni kifungu kinachomzuia hakimu kuandika hivyo.

Gharama nayo isifichwe. Kodi ya ghala haisimami kwa sababu mlango umefungwa. Vibarua wanaopakua malori kando ya barabara hii hulipwa kwa siku, na ghala likifungwa hawana mshahara wa kudai wala kesi ya kuingia. Mama wa duka aliyelipa nusu ya bei mapema hana mzigo wala fedha. Watu hao hawatajwi kwenye hati ya mashtaka, na sijawahi kuona wakitajwa kwenye hati ya utetezi pia.

Lililobaki ni kuwaambia watu. Tangu ugatuzi uanze, usimamizi wa biashara zinazouza chakula kwa umma uko mikononi mwa kaunti, na maafisa wa afya ya umma wa Kajiado ndio wanaoingia madukani. Msako ukifanywa, kila mtu hujua kupitia runinga. Mzigo ukiachiliwa, hata kwa haki na baada ya kupimwa, hakuna tangazo. Mwenye duka Kitengela hukutana na magunia yale yale aliyoyaona kwenye habari na hawezi kujua yametoka kwa amri ya hakimu au kwa ufunguo wa bandia. Amri ya kuachilia ingepaswa kubandikwa ofisi ya afya ya kaunti na sokoni, ikitaja bidhaa, namba ya toleo iliyochapwa kwenye mfuko, idadi ya magunia, maabara iliyopima na jibu lake. Ni karatasi moja, na karani wa mahakama anaweza kuichapa siku hiyo hiyo amri inapotiwa sahihi, kabla lori halijaingia barabarani.